Ajali Moja, Safari Sita za Kliniki

Somo hili tuliombwa na akina mama wa kikundi kimoja cha kununua na kuanika omena, hapa upande wetu wa Ziwa Victoria. Siku tulipowatembelea tulidhani tutazungumza juu ya akiba na mikopo kama kawaida. Kumbe wao walikuwa na lao. Mama mmoja alifungua mfuko wa plastiki, akatoa karatasi na vijitabu vya hospitali, akavipanga juu ya mkeka, kisha akatuuliza: "Nyinyi mmesoma. Hizi zote ni za mwanangu mmoja na mguu wake mmoja. Mbona kila moja inasema jambo lake?"

Tuliketi chini tukazisoma moja moja. Kijana huyo alikuwa ameajiriwa na mwenye mitumbwi kwa mshahara wa mwezi. Usiku mmoja upepo ulipiga wakiwa katikati ya kuvua, mtumbwi ukapinduka, na katika kupinduka ubavu wa mtumbwi ukamgonga mguu wa kulia chini ya goti. Wenzake walimshika wakakaa naye juu ya mtumbwi uliopinduka hadi boti nyingine ikaja.

Karatasi ya kwanza, ya dispensari, iliandikwa vizuri: ajali ya mtumbwi, mguu umevunjika, apelekwe hospitali kubwa. Ya pili ilisema amewekwa plasta. Ya tatu, wiki mbili baadaye, ilisema tu kwamba analalamika maumivu ya mguu. Ya nne ikarudia hivyo hivyo. Ya tano ilitoka kliniki nyingine, maana nauli ya kwenda kule mbali ilikuwa imekwisha, nayo ikasema "jeraha la zamani". Ya sita ilikuwa kijitabu kipya kabisa, kwa sababu kile cha zamani kilifuliwa ndani ya mfuko wa suruali. Hapo muuguzi aliuliza kulitokea nini, kijana akajibu "nilianguka", na likaandikwa neno hilo moja: alianguka.

Sasa, mwenye mitumbwi alipoombwa alipe gharama za matibabu alizitazama karatasi hizo akasema: "Ile ya kwanza na ya pili nakubali. Hizi nyingine ni za mguu kuuma tu. Nitajuaje kama hakuumia akicheza mpira? Na huku alianguka wapi?" Tusimlaumu haraka. Mtu anayesoma karatasi hawezi kusoma kisichoandikwa.

Basi tulirudi ofisini tukawatafuta watu wa kumbukumbu za afya, wale wanaokaa kwenye chumba cha mafaili ambacho wengi wetu hupita bila kuwasalimu, tukawauliza habari hii mwanzo hadi mwisho. Tuliyojifunza ndiyo tunawaletea.

Ugonjwa hupewa alama

Hospitalini jina la ugonjwa haliachwi likae kama maneno tu. Hugeuzwa kuwa alama yenye herufi na tarakimu. (Wengine huita jambo hili "kodi", lakini kwetu kodi ni ile ya nyumba na ya soko, kwa hiyo sisi tutasema alama.) Alama hizi hutolewa na Shirika la Afya Duniani katika orodha kubwa ambayo husahihishwa baada ya miaka mingi. Toleo la kumi lilipitishwa mwaka 1990 na nchi zikaanza kulitumia mwaka 1994. Toleo la kumi na moja lilianza rasmi tarehe 1 Januari 2022, na nchi zinahamia huko kila moja kwa mwendo wake. Faida yake ni hii: mguu uliovunjika Usenge na mguu uliovunjika Muhuru Bay, hata Norway, zote huandikwa namna moja, na zinaweza kuhesabiwa pamoja.

Tutatumia toleo la kumi kufundishia kwa sababu ni rahisi kulionyesha. Mtu aliyeumia huhitaji alama mbili, si moja. Ya kwanza husema mwili umepata nini. Kuvunjika mguu chini ya goti ni S82. Kuvunjika mkono kati ya kiwiko na kifundo ni S52. Kuzama majini bila kufa ni T75.1. Alama ya pili husema kilichomfikisha hapo ni nini, na kwa vyombo vya majini alama hizo huanza V90 hadi V94. Ya kwanza peke yake ni mguu usio na habari. Ya pili peke yake ni habari isiyo na mgonjwa.

Hebu tukae kidogo hapa kwenye V90 hadi V94, maana ndipo wavuvi wenyewe wanaweza kumsaidia daktari. Anayeweka alama lazima ajue mambo mawili. Jambo la kwanza: je, mtumbwi wenyewe ulipata ajali, au ni mtu tu? Mtumbwi ukipinduka au ukazama na mtu akanywa maji, hiyo ni V90. Mtumbwi ukipinduka au kugongana na mtu akavunjika au kukatika, hiyo ni V91. Lakini kama mtumbwi ulikuwa salama na mtu ndiye aliyeteleza akaanguka ziwani akazama, ni V92. Akiumia ndani ya mtumbwi ambao haukupata ajali, pengine amechomwa na injini au amejikwaa kwenye nyavu, ni V93. Na yule aliyekuwa akioga ufuoni boti ikamgonga huingia V94, pamoja na mengine yasiyojulikana vizuri.

Jambo la pili: chombo gani? Baada ya nukta huongezwa tarakimu. Mashua au mtumbwi wa kuvua samaki ni 2. Boti ya abiria ni 1. Chombo cha tanga ni 4. Kisichojulikana ni 9. Kwa hiyo kijana wetu, aliyevunjika mguu mtumbwi wa kuvua ulipopinduka, ni S82 pamoja na V91.2.

Sasa fikiria mgonjwa anayesema tu "niliumia ziwani". Mwenye kuweka alama afanye nini? Hajui kama chombo kilipinduka. Hajui kilikuwa cha kuvua au cha kuvusha watu sokoni. Ataweka ile ya "isiyojulikana", au ataacha kabisa. Hatuwezi kumlaumu, ana mafaili mia juu ya meza.

Siku ya kurudi

Hapa ndipo jambo lenyewe lilipo, twende polepole.

Aliyeumia ziwani harudi kliniki kwa kupenda kwake. Plasta inataka kuangaliwa na baadaye kukatwa. Kidonda kilichokatwa na panga la injini kimeingia maji ya ziwa na matope, na mara nyingi daktari hukiacha wazi kwanza, kisha mtu arudi baada ya siku chache ndipo kishonwe. Sindano ya pepopunda ya kwanza ina wenzake. Ile ya pili hufuata baada ya wiki nne hivi, kwa mtu ambaye hakuwahi kuchanjwa. Aliyekunywa maji anaweza kuonekana mzima ufuoni, akaongea na kucheka, kisha saa kadhaa baadaye pumzi ikaanza kumpa shida, au baada ya siku chache akapata nimonia. Huyo akirudi siku ya tatu na kikohozi, bila kutaja ziwa, atatibiwa kama watu wengine wote wenye kikohozi waliopanga foleni siku hiyo. Kwake yeye kutaja ajali si habari ya karatasi tu. Ni matibabu.

Na siku hizo za kurudi zina alama zake pia. Kukata plasta au kuiangalia ni Z47.8. Kubadilisha bandeji au kutoa nyuzi ni Z48.0. Kuangaliwa baada ya mfupa kutibiwa na kumalizika ni Z09.4. Mmeona kitu? Tulipoonyeshwa tulinyamaza kidogo. Hakuna hata moja kati ya hizo yenye mtumbwi ndani yake. Alama ya kurudi husema mtu amekuja kukatwa plasta, basi. Plasta ya aliyepinduka ziwani na plasta ya aliyeanguka mwembeni ni sawasawa. Mtumbwi hauingii katika karatasi ya tatu, ya nne wala ya tano mpaka mtu autaje na mwingine auandike.

Wenzetu wengine wamelifunga tundu hili kwa herufi moja tu. Nchini Marekani, ambako toka tarehe 1 Oktoba 2015 hospitali zinatumia toleo la kumi lililopanuliwa, alama za ajali zina nafasi saba, na ile ya saba ni herufi. Mtu aliyezama mtumbwi wa kuvua ulipopinduka huandikwa V90.02XA wakati anapopewa matibabu yenyewe. Matibabu yakishapita, akawa anarudi ili kuangaliwa anavyopona, alama ni ile ile, ila mwisho wake ni D: V90.02XD. Na kama baadaye kabisa amebaki na kasoro iliyotokana na ajali ile, mwisho ni S. Hiyo A si "siku ya kwanza", kama wengi wanavyodhani. Mtu akipelekwa kufanyiwa upasuaji wiki ya tatu bado ni A, kwa kuwa bado anatibiwa. Kanuni yao ni kwamba chanzo cha ajali hufuatana na mgonjwa kila safari anayotibiwa jeraha hilo. Mahali ilipotokea na kazi aliyokuwa akifanya huandikwa mara moja tu, mwanzoni, lakini boti husafiri naye hadi mwisho.

Katika toleo la kawaida la Shirika la Afya hakuna herufi hiyo. Liko jambo moja tu linalofanana nayo: kasoro iliyobaki baada ya ajali ina alama zake, na ikiwa imepita mwaka mmoja au zaidi tangu kuumia, chanzo chake huandikwa Y85.9 kwa ajali za vyombo visivyo vya barabarani. Toleo la kumi na moja limeongeza njia ya kuunganisha alama ya jeraha na ya chanzo kwa mkwaju, zikae kama nyama na mfupa. Ni vizuri. Lakini mkwaju nao hauwezi kuunganisha kisichosemwa.

Kusoma karatasi yako mwenyewe

Akina mama wale walituambia wanaogopa karatasi za hospitali kwa sababu ya mwandiko na vifupisho. Tukachukua nusu saa kufundishana, na ikawa ndiyo sehemu waliyoifurahia kuliko zote. Alama ya # maana yake ni mfupa umevunjika. POP ni plasta. C/O ni yale mgonjwa anayolalamikia. RTA ni ajali ya barabarani, na mama mmoja aligundua hapo hapo kwamba kijitabu cha mumewe kina RTA ilhali mzee yule hajawahi kugongwa na gari, aliumizwa na boti wakati wa kuisukuma majini! Pengine aliyeandika alisikia neno "kugongwa" akamalizia mwenyewe.

TCA ndiyo yenye kutuhusu zaidi: ni amri ya kurudi. Baada yake huja namba. 3/7 ni siku tatu, 2/52 ni wiki mbili, 1/12 ni mwezi mmoja. Ukiona TCA 2/52 huna haja ya kumngoja mtu akutafsirie. Mtoto wa darasa la sita anaweza kuwa msomaji wa karatasi za nyumba nzima.

Kusema nini dirishani

Sasa tufanye nini? Hatuwezi kumfundisha daktari kazi yake, wala hatutaki muende mkidai alama. Mgonjwa akiingia na kusema "niandikie V91.2" atafukuzwa, na ni haki. Kazi ya mgonjwa ni habari. Alama ni kazi ya mwenye kuweka alama.

Tunapendekeza kila aliyeumia atengeneze sentensi moja, fupi, ya kweli, na aiseme vile vile kila safari bila kuipamba. Kwa kijana wetu ingekuwa hivi: "Nimerudi kwa ajili ya ajali ya mtumbwi wa kuvua uliopinduka tarehe fulani, nikavunjika mguu wa kulia nikiwa kazini." Angalieni yaliyomo: amerudi; ni mtumbwi wa kuvua; ulipinduka; tarehe; sehemu ya mwili; kazini. Kisha ombi la heshima: "Daktari, naomba uiandike hapo hata kwa kifupi." Wengi wataandika. Maneno manne yanatosha, "marudio, ajali ya mtumbwi", na tarehe yake.

Mgonjwa asiyeweza kusema, au aliye mlevi wa dawa za maumivu, asindikizwe na mtu anayeijua sentensi hiyo. Tumeona mara nyingi shangazi ndiye anayepeleka mgonjwa safari ya nne, naye shangazi hakuwako ajali ilipotokea. Akiulizwa husema analolijua: mguu unamuuma.

Vijitabu visibadilishwe ovyo. Kikijaa, kishonewe kipya mgongoni. Kikipotea, mwambieni muuguzi kwamba kulikuwa na cha kwanza na kilitoka wapi, ili katika ukurasa wa kwanza wa kile kipya iandikwe ajali ile na tarehe yake. Karatasi zikae kwenye mfuko wa plastiki uliofungwa; sisi watu wa ziwa hatuna haja ya kufundishwa maji hufanya nini kwa wino. Na ajali iandikwe siku hiyo hiyo katika daftari la kamati ya ufuo, yaani BMU: tarehe, saa, mtumbwi gani, nani aliumia, nani aliona. Daftari hilo likisema jambo moja na kijitabu cha hospitali kikisema hilo hilo, hakuna atakayeleta habari za mpira.

Kuna jambo tunalisema waziwazi kwa sababu tuliulizwa, tena mbele ya watu: "Je, mtu aliyeanguka na pikipiki anaweza kusema ni mtumbwi ili alipwe?" Hapana. Huo ni wizi, na siku ukigunduliwa kila mvuvi wa ufuo huo atasomwa kama mwongo.

Nani anahesabu

Mzee mmoja alituuliza, kwa nini serikali ijue? Swali zuri. Ajali kubwa hujihesabu zenyewe. Kivuko kilipozama Mtongwe, Mombasa, tarehe 29 Aprili 1994, watu zaidi ya 270 walikufa na nchi nzima ikajua. Lakini kijana mmoja na mguu mmoja hatangazwi redioni. Yeye huhesabiwa mahali pamoja tu, katika daftari la wagonjwa.

Na huko kwenyewe mlango ni mwembamba. Fomu ya mwezi ambayo dispensari hujumlishia wagonjwa wa nje, kwa nakala tulizoonyeshwa sisi, ina mstari wa ajali za barabarani. Ajali za ziwani hazina mstari wao, huingia katika "majeraha mengine" pamoja na aliyejikata na jembe. Maana yake, karatasi ikishatoka dispensari mtumbwi umeshapotea. Unabaki katika daftari lenyewe na katika kijitabu chako. Siku kikundi kitakapokwenda kwa mwakilishi wa wadi kuomba boti ya uokoaji, au dispensari ya ufuo ipewe vifaa vya plasta, ataomba takwimu. Hapo ndipo mtu wa kumbukumbu atafungua madaftari ya mwaka mzima kuhesabu, mstari kwa mstari.

Naye anaweza kukosea kwa njia mbili. Kijana wetu alikwenda safari sita. Kama safari zote sita zimeandikwa "ajali ya mtumbwi" bila kuonyesha kwamba alikuwa akirudi, zitahesabiwa ajali sita, na mtu mwenye akili atasema ufuo ule unatia chumvi. Kama tano hazikutaja mtumbwi, ataonekana mtu aliyeumia akaenda zake, hakugharimu kitu. Ukweli ni ajali moja iliyokula safari sita, nauli mara sita, na miezi bila kuvua. Ndiyo maana neno "nimerudi" ni la maana sawa na neno "mtumbwi".

Habari ya malipo

Sheria ya Mafao ya Kuumia Kazini ya mwaka 2007 humtaka mwajiri alipe gharama za haki za matibabu ya mfanyakazi aliyeumia kazini, na safari za kwenda kutibiwa zimo. Mfanyakazi amwarifu mwajiri, kwa mdomo au kwa maandishi, mapema iwezekanavyo. Mwajiri naye hupeleka taarifa kwa idara ya usalama kazini. Dai liwekwe kabla ya miezi kumi na miwili kupita toka siku ya ajali. Wengi husubiri wapone kwanza ndipo waanze. Mfupa mbaya unaweza kula mwaka huo wote.

Lakini sheria hiyo inamtaja mwenye mkataba wa kazi na ujira. Wavuvi wengi wetu hugawana samaki, mwenye mtumbwi na mafungu yake, wavuvi na yao. Je, huyo ni mwajiriwa? Mwenye mtumbwi atasema ni mshirika. Mbele ya afisa wa kazi patakuwa na mabishano, na hatutawadanganya kwamba ni jambo jepesi. Kwa hao, mfuko wa kikundi ndio tegemeo la kwanza, na mfuko nao lazima ujue unalipia safari ya ajali gani. Kikundi kinachotoa pesa za nauli kwa kutazama "maumivu ya mguu" kitagombana kabla ya mwaka kwisha.

Tusisahau bima. Toka Oktoba 2024 Mamlaka ya Afya ya Jamii, SHA, ndiyo iliyochukua nafasi ya NHIF. Aliye na umri wa kujiandikisha na hajafanya hivyo asingoje upepo upige.

Mmetaka kujua ya yule kijana yaliishaje. Tulipokutana naye mwezi wa kumi ulikuwa umefika tangu ajali. Tulikwenda naye dispensari ile ya kwanza. Afisa wa kliniki alikuwa amehamishwa, lakini daftari lilikuwepo, na mstari wake ulisomeka. Hospitali kubwa nayo ilimwandikia ripoti iliyotaja ajali na safari mbili zilizofuata, kwa kuwa faili lake lilikuwa moja. Dai likaingia kabla ya mwaka kutimia. Mwenye mitumbwi alilipa zile safari nne. Ya kliniki nyingine na ile ya "alianguka" alizikataa hadi mwisho, na hatukuwa na karatasi ya kumjibu. Kijana anachechemea. Sasa anashona nyavu kivulini na wazee, na mama yake ndiye anayetunza mfuko wa plastiki.

Maswali ya kujadili kikundini

1. Kila mmoja alete kijitabu chake cha hospitali, au cha mtu wa nyumbani mwake aliyewahi kuumia ziwani. Someni kwa zamu. Ni safari gani imetaja chombo, na ni gani haikutaja?

2. Ufuo wenu una daftari la ajali? Linakaa kwa nani, na usiku akiwa hayupo nani huandika?

3. Igizeni: mmoja awe muuguzi mwenye haraka, mwingine mvuvi aliyerudi na kikohozi siku ya tatu baada ya kuokolewa, wa tatu shangazi aliyemsindikiza na hajui lililotokea. Kisha rudieni tena, shangazi akiwa ameambiwa.

4. Kikundi chenu kinawalipia nauli ya kliniki wanaogawana samaki? Kwa safari ngapi? Nani anaamua kwamba safari ya tano bado ni ya ajali ile ile?